Siku Mama Mkwe Alipotoka Hasi

Ilikuwa Jumamosi, saa tatu asubuhi, na mvua nyembamba ilinyesha bila haraka, kama kibarua anayelipwa kwa siku.

Juu ya meza yangu ya kukandia unga palikuwa na vitu viwili: mfuko wenye milioni moja, laki tatu na elfu kumi, na bahasha tatu tupu. Fedha zilikuwa kamili. Wadai walikuwa wamekubali kuja saa tisa alasiri. Tatizo langu lilikuwa moja tu: sikujua nitie kiasi gani katika bahasha ipi.

Anayenifuata katika ukurasa huu tangu mwanzo anajua nilivyofika hapa. Kwa yule aliyeazima gazeti la jirani leo, nitasema kwa ufupi. Mimi ni mwokaji wa mikate. Mwaka jana tanuri langu la kwanza lilipasuka siku moja kabla ya harusi ya watu, likaondoka na keki yao ya ghorofa tano. Nililia mpaka nikavimba macho. Wifi yangu, dada wa mume wangu, aliniambia niache kulia nimpe wiki moja. Wiki ilipokwisha alirudi na milioni moja na laki mbili, fedha taslimu. Nikanunua tanuri jipya.

Alizikopa kwa niaba yangu. Wakopeshaji niliwajua, na riba ya kila mmoja niliijua, riba rahisi ya mwaka mmoja, isiyozaa riba nyingine. Mama mkwe: asilimia ishirini. Muuza vipuri wa mtaa wa pili, ambaye kila mtu humwita Spea: asilimia kumi na tano. Fundi cherehani, jirani yangu wa ukuta kwa ukuta: asilimia kumi.

Nisichokijua ni nani alitoa ngapi. Wifi alikuwa amewaapia kwamba hatasema. Mama mkwe hakutaka isikike, endapo ametoa kidogo kuliko fundi cherehani. Fundi hakutaka isikike, endapo amempita mama mkwe. Spea hakutaka isikike kwamba ana fedha. Tulikubaliana kwamba mwaka ukitimia nitamkabidhi wifi mfuko mzima, kwa jumla aliyonitajia yeye, naye atajua wa kumpa nini.

Mpango ulikuwa mzuri. Mdomo wangu ndio ulioniponza.

Jumapili iliyopita, mbele ya ukoo mzima, mama mkwe aliniuliza, "Hivi wewe unajua unadaiwa na nani kiasi gani, au unaoka tu?"

"Mama, mimi nimesomea biashara chuoni," nilijibu. "Nimeandika yote. Najua mpaka senti."

Sikuwa nimeandika hata herufi moja.

"Vizuri sana," alisema. "Basi Jumamosi utatulipa mwenyewe, kwa mkono wako, sote tumekaa. Ukikosea hata senti moja, tanuri linatoka mle ndani linakwenda kwa mke wa mdogo wa mumeo. Yeye hakusoma, lakini hana makuu."

Chumba cha kuokea ni chake, na tanuri ndilo lililokuwa rehani. Sikuwa na pa kushika. Bila tanuri, mimi ni mwanamke mwenye aproni tu.

Nilianza na fundi cherehani, kwa kuwa ni mpole.

"Habari za asubuhi, fundi."

"Nzuri, Mama Mikate."

"Leo ndiyo siku yetu. Nilikuwa nawaza tu, zile zako nikuletee noti kubwa au ndogo?"

"Zozote."

"Maana zikiwa ndogo zitajaa sana bahashani. Au hazitajaa sana?"

Alitoa sindano mdomoni, akaniangalia. "Wewe si umeandika? Mama mkwe wako amesema umeandika."

"Nimeandika, fundi."

"Basi ilivyoandikwa ndivyo ilivyo."

Akarudisha sindano mdomoni. Mtu mpole ni ukuta usio na mlango. Huna hata pa kubisha hodi.

Nikaenda kwa Spea. Nilimkuta amekaa katikati ya feni mbovu na betri za pikipiki, anakunywa chai.

"Kaka, ile hesabu yetu wewe unaionaje?"

"Wewe unaionaje?"

"Nimekuuliza wewe kwanza."

"Dada yangu, duka hili nimeanza nikiwa sina ndevu. Anayetaja bei kwanza ndiye anayelia. Taja wewe."

"Nikitaja kidogo?"

"Nitakataa."

"Na nikitaja nyingi?"

"Nitakushukuru sana, na watoto watakuombea."

Nilimwachia chai yake.

Ikabaki saluni ya wifi. Alikuwa anamsuka mteja, kichwa nusu kimesukwa, nusu kimesimama.

"Wifi, nakufa."

"Kufa polepole, nina mteja."

"Mama yako anachukua tanuri leo. Niambie kiasi chake. Chake tu."

"Niliapa, wifi. Nimefanya mengi mabaya duniani, mengine umeyashuhudia mwenyewe, lakini kiapo sijavunja."

"Kwa hiyo tanuri liende?"

Mteja akageuza shingo. "Msaidie jamani, mwenzio analia."

"Wewe tulia, nitakusuka upogo." Vidole vya wifi viliendelea kusuka. Kisha akasema, "Niliapa nisitaje kiasi cha mtu. Sikuapa nisilinganishe. Sikiliza, sirudii: fedha za Fundi ni mara mbili ya fedha za Spea."

"Mara mbili kamili?"

"Kamili. Haya, toka, unanichanganyia mafungu."

Nilirudi mbio kwenye mvua. Mume wangu alikuwa ameketi karibu na tanuri, akiota moto wa bure. Yeye ni msoma mita za maji, na katika maisha yake ameamini vitu vichache, lakini namba ameziamini zote.

Nilichukua karatasi ya kufungia mikate. Nadhani msomaji ataniruhusu nionyeshe kazi, kwa kuwa mambo yote yaliyofuata yalitoka humo.

Riba yote ilikuwa laki moja na elfu kumi, yaani fedha za mfukoni kutoa mkopo. Kiasi cha Spea nilikipa herufi S. Fundi, mara mbili yake: 2S. Mama mkwe alikuwa na kilichobaki: 1,200,000 kutoa 3S. Riba ya mama mkwe, asilimia ishirini, ikawa 240,000 kutoa 0.6S. Riba ya Fundi, asilimia kumi: 0.2S. Riba ya Spea, asilimia kumi na tano: 0.15S. Nikajumlisha zote. 240,000 kutoa 0.25S ni sawa na 110,000. Kwa hiyo S ni 520,000.

"Spea katoa laki tano na elfu ishirini," nilisema. "Fundi, milioni moja na elfu arobaini."

"Fundi huyu wa hapa ukutani? Mwenye viatu jozi moja?"

"Hesabu ndivyo inavyosema."

"Usishangae. Watu wakimya ndio wenye fedha. Umewahi kumsikia akilalamika?" Alifikiri. "Na mama?"

Nilitoa. Nikatoa tena. Penseli ilisimama yenyewe.

"Mama yako ametoka hasi. Hasi laki tatu na elfu sitini."

"Hasi maana yake nini?"

"Maana yake hakunikopesha. Mimi ndiye ninayemdai."

Alininyang'anya karatasi. Akahakiki riba moja moja, kidole juu ya namba, kama anayesoma mita yenye ukungu. Fundi, laki moja na elfu nne. Spea, elfu sabini na nane. Mama, hasi elfu sabini na mbili. Jumla, laki moja na elfu kumi.

"Imekubali," alinong'ona. "Mke wangu, imekubali! Mita ikisoma kinyumenyume, jua kuna mtu amerudisha maji bombani."

Ukurasa huu ni wa kukiri, kwa hiyo nakiri: nilifurahi. Nilipaswa kuona kwamba wakopeshaji wawili wamekwisha kupita mkopo wote. Nilipaswa kukumbuka viatu vya Fundi. Lakini kwa miaka tisa ya ndoa nilikuwa nimedaiwa na mama mkwe kila kitu: adabu, wajukuu, sahani ya udongo iliyovunjika mikononi mwangu. Leo hesabu yenyewe ilikuwa imeinuka kunitetea. Mwenye njaa hamwulizi mpishi maswali.

Bado nilikuwa natabasamu mlango ulipofunguliwa. Mama mkwe aliingia na mwavuli mkono mmoja na futi ya fundi seremala mkono wa pili.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Pisha, nipime mlango. Sitaki tanuri likwaruze rangi yangu likitoka."

"Mama, kabla hujapima, kuna jambo dogo la kihesabu."

"Sema."

"Nimepiga hesabu ya mikopo yote. Inaonyesha kwamba wewe... umetoka hasi."

"Nimetoka nini?"

"Hasi, mama. Laki tatu na elfu sitini. Yaani, kihesabu, si wewe unayenidai. Lakini usijali, sina haraka nazo."

Mume wangu aliichunguza dari kana kwamba aliijenga yeye.

"Nimezaa watoto saba," alisema mama mkwe, polepole. "Nimezika mume. Nimeitwa mkali, nimeitwa mchoyo, na mwaka juzi dobi aliniita jini nikamsamehe. Hasi sijaitwa." Akamgeukia mwanawe. "Mkeo ananitukana nawe umesimama tu?"

"Si tusi, mama. Ni namba."

"Na wewe je? Wewe ni hasi pia?"

"Mimi simo katika hesabu, mama."

"Hata katika akili humo." Alikunja futi yake. "Saa tisa. Nitakuja na mtu wa mkokoteni. Na hizo laki tatu na sitini unazonidai, njoo uzichukue kwangu, kama una miguu miwili."

Mlango ulifungwa kwa nguvu, trei tatu zikaanguka.

Mume wangu alisema anakwenda kumtuliza. Hakwenda. Alisimama barazani akitazama maji yakipita mferejini.

Niliketi juu ya gunia la unga. Chuoni tulikuwa na mwalimu aliyependa kusema kwamba jibu la ajabu halikukosea njia; limekuja kukwambia kwamba swali uliliuliza vibaya. Nikaliacha jibu, nikalirudia swali.

Riba ndogo kuliko zote ni ya Fundi, asilimia kumi. Tuseme mkopo wote ungetoka kwa Fundi peke yake. Riba ingekuwa laki moja na elfu ishirini. Lakini mimi nilitakiwa kulipa laki moja na elfu kumi tu. Watu wanaotoza kumi, kumi na tano na ishirini hawawezi, hata wakipendana vipi, kutoza chini ya kumi kwa pamoja.

Isipokuwa ndani ya mfuko ule zilikuwemo fedha zisizotozwa kitu.

Hapo nikaliona kosa langu, na lilikuwa kosa la mtu msomi. Nilikuwa nimewahesabu wakopeshaji kwa kuhesabu riba. Riba zilikuwa tatu, nikasema watu watatu. Asiyetoza riba sikumhesabu kabisa.

Nilipiga simu saluni.

"Wifi, wa nne ni nani?"

Upande wa pili mashine ya kukaushia nywele ilizimwa. "Nani kakwambia kuna wa nne?"

"Mama yako. Kwa kutoka hasi."

"Kwa kutoka nini? Na ukamwambia?"

"Nilimwambia."

Alicheka mpaka nikamsikia mteja akiuliza kuna nini, naye akamsimulia, wakacheka wote wawili kwa gharama yangu ya simu.

"Simtaji huyo wa nne," alisema alipopata pumzi. "Yeye aliniapisha kuliko wote."

"Sikuombi jina. Nipe ulinganisho mmoja tu wa mwisho, wifi yangu, nyama ya ulimi wangu."

"Unanipamba sasa, ehe? Haya. Mama na Spea wametoka sare. Na simu hii hukunipigia."

Kazi ilikuwa fupi. Spea ni S. Mama mkwe ni S. Fundi ni 2S. Riba zao: 0.15S, 0.2S na 0.2S. Jumla 0.55S, sawa na 110,000. S ni laki mbili.

Kwa hiyo Spea alitoa laki mbili, mama mkwe laki mbili, Fundi laki nne. Hizo ni laki nane. Zilizobaki, laki nne kamili, zilitoka kwa mtu aliyetaka arudishiwe zilezile, bila senti juu yake.

Hakuna aliyekuwa hasi. Nilijaza bahasha, nikazilamba gundi, nikavaa aproni safi.

Saa tisa walikuwa wamefika wote. Mama mkwe alikaa katikati ya benchi, Fundi kulia, Spea kushoto. Msukuma mkokoteni alisimama mlangoni akitiririka maji, na kwa kuwa alikuwa mtu wa kazi, hakungoja kuambiwa: alilizungushia tanuri langu kamba na kukaza fundo. Wifi alifika mwisho, kitana bado kimechomekwa nyweleni.

"Anza," alisema mama mkwe. "Anza na mimi uliyeniita lile jina."

"Mama, kwanza naomba radhi. Hesabu ile ilikuwa na kasoro."

"Hesabu?"

"Mimi. Mimi ndiye niliyekuwa na kasoro."

"Hapo sawa. Leta."

Alihesabu noti mara mbili, kisha akaibana bahasha kona zake kutazama kama kuna iliyojificha. "Laki mbili na elfu arobaini," alisema, kwa sauti ya mtu anayeng'olewa jino. "Imetimia."

Spea alilamba kidole gumba, akahesabu mara tatu. "Laki mbili na elfu thelathini. Imetimia. Lakini dada, ungetaja wewe kwanza..."

Fundi alisema hakuna haja ya kuhesabu, tunaaminiana. Kisha akageukia ukutani akahesabu. "Laki nne na elfu arobaini," alisema, masikio yamemwiva. "Sawasawa."

Mama mkwe alimtupia jicho. Kwa mara ya kwanza alikuwa amejua kwamba Fundi alimpita.

Nilikuwa nimeshinda. Kilichonibakia ni kuuondoa mfuko mezani. Sikuuondoa. Ulikuwa umekaa pale, bado umenona.

"Na hiyo iliyobaki humo?" aliuliza mama mkwe.

Ningesema ni ya unga, kila mtu angekwenda zake. Lakini mtu akishinda mara moja hutaka kushinda na ya pili.

"Hiyo ni ya mdai wa nne, mama," nilisema kwa madaha. "Laki nne, bila riba."

"Wa nne yupi?"

"Simjui."

Neno hilo moja lilibomoa nyumba yote niliyoijenga tangu asubuhi.

"Si ulisema unajua mpaka senti?"

"Senti nazijua, mama. Mtu ndiye simjui."

"Mdai ni mdai. Nilisema ukikosea." Alimwangalia msukuma mkokoteni. "Kamba imekaza?"

"Imekaza, bibi. Nivute au nisubiri?"

"Ngoja kwanza," alisema Spea. "Kama fedha hazina mwenyewe, mimi dukani nina kabati la chuma..."

"Nyamaza, Spea."

Hapo mume wangu aliinuka. Alikuwa mweupe kama donge la unga wa mkate. "Ni zangu," alisema. "Nilizitoa mimi."

Mama mkwe hakugeuka haraka. Alijizungusha taratibu, kama mlango wenye kutu.

"Zako. Laki nne. Mwaka jana nilikuomba fedha za bati, mvua ikininyeshea kitandani. Ukaniambia huna hata za kiberiti."

Mume wangu aliitazama mvua. Mvua nayo ilimtazama.

"Basi si zangu," alisema, akaketi.

"Wewe," mama mkwe alimwambia bintiye. "Sema."

"Niliapa, mama."

"Mbele yangu pia?"

"Mbele yako pia niliapa. Unataka nivunje kipi, chake au chako?"

Mama mkwe aligonga mwavuli sakafuni. "Yumo humu ndani?"

"Yumo."

Kila mmoja alimwangalia mwenzake. Hata msukuma mkokoteni alijitazama viatu.

Hapo elimu yangu ilinisaidia, au niseme ilijaribu. "Mama," nilisema, "tusimlazimishe mtu aseme asichotaka. Fedha nitaziweka kwenye stoo ya unga. Kila mmoja ataingia peke yake, afunge mlango, atoke. Mwenye zake atazichukua. Hatutamuuliza wala hatutampekua."

"Na asiyekuwa mwenye zake akizichukua?" aliuliza wifi, macho kwa Spea.

"Mbona mnaniangalia mimi?" alisema Spea.

Mama mkwe alilitafakari jambo hilo. "Nakubali. Zikichukuliwa, deni limekwisha na kamba ifunguliwe. Zikibaki, basi una mdai usiyemjua, na tanuri linapanda mkokoteni. Umesikia, msomi?"

"Nimesikia, mama."

Nililitazama tanuri langu likiwa limefungwa kiunoni kama mtuhumiwa. Nikaenda kuuweka mfuko juu ya debe la hamira.

Spea aliingia wa kwanza. Alikaa humo kwa muda ulionitoa jasho. Alitoka akikung'uta mikono. "Nimezisalimu," alisema. "Hazinijui."

Fundi aliingia kimya, akatoka kimya.

Mama mkwe aliingia na mwavuli wake, kana kwamba stoo nayo inavuja. Alitoka na unga begani, akafyonza. "Stoo chafu."

Mume wangu aliingia wa mwisho. Alijikwaa kizingitini akiingia, akajikwaa tena akitoka.

"Haya," alisema mama mkwe. "Kaangalie."

Niliingia. Mfuko ulikuwa palepale juu ya debe, na haukuwa mtupu. Nilisikia kamba ikikazwa nje. Nilizimwaga noti juu ya gunia, nikazihesabu ili angalau nilipoteze tanuri kwa utaratibu.

Nikazihesabu tena.

Nilizirudisha, nikatoka na mfuko mkononi.

"Zimebaki?" aliuliza mama mkwe.

"Hazikubaki, mama."

"Zimechukuliwa?"

"Hazikuchukuliwa."

"Sasa wewe! Hazikubaki, hazikuchukuliwa, zimefanya nini?"

"Zimezaa," nilisema. "Niliweka laki nne. Humu sasa mna laki nne na elfu arobaini."

Fedha pekee zisizokuwa na riba katika mkopo mzima zilikuwa zimezaa asilimia kumi, ndani ya stoo ya unga, mlango umefungwa.

Msukuma mkokoteni aliuliza kama hiyo ni kubaki au ni kuchukuliwa, ili ajue cha kufanya na kamba. Mama mkwe alifungua kinywa kutoa hukumu, akakifunga. Sheria alikuwa ameitunga mwenyewe, na haikuwa na kifungu cha fedha kuongezeka.

Kilichofuata ni hiki. Spea alihesabu bahasha yake mara ya nne, akaifungia ndani ya shati, akasema yeye hayumo. Fundi cherehani alisema ameacha pasi ya moto juu ya suruali ya mtu, akaondoka bila kuaga. Mama mkwe aliketi juu ya gunia la unga na mwavuli wake mapajani, akasema hatoki humo mpaka aelezwe. Wifi alirudi saluni, kwa kuwa mteja wake alikuwa bado na nusu kichwa. Mume wangu alikwenda kuazima ngazi ili akatazame bati la mama yake. Msukuma mkokoteni aliomba alipwe kwa kusubiri, akaambiwa aendelee kusubiri. Mimi nilichukua penseli na karatasi ya kufungia mikate, nikatafuta ni nani leo alipokea elfu arobaini za kuweza kuziacha stooni, nikaandika mistari miwili. Riba ya mama mkwe, elfu arobaini. Riba ya Fundi, elfu arobaini.